Ganda la uduvi si plastiki

Nunua fungu la uduvi sokoni Bagamoyo, hutakosa wa kukuonya: "Maganda yale tumbo haliyawezi, unameza plastiki tu." Tusimcheke, hata wanasayansi waliamini hivyo miaka mingi.

Ganda hilo limejengwa kwa kitini, mnyororo mrefu wa sukari yenye naitrojeni, asetiliglukosamini. Amilesi, kimeng'enya (protini inayovunjavunja chakula) cha mate kinachouanza ugali ukiwa bado mdomoni, haiwezi kuukata mnyororo huo. Lakini mwaka 2001 watafiti wa Uholanzi walieleza kimeng'enya kinachouweza: kitinase ya tindikali. Binadamu tunacho tumboni, na asidi, inayoharibu vimeng'enya vingi, hiki huistahimili. Hukata mnyororo vipande vidogo vya sukari mbilimbili.

Nguvu yake lakini ni ndogo, na watu hawalingani. Cha panya kinakishinda chetu kwa mbali (labda ndiyo maana panya hachagui!). Kwa hiyo sehemu kubwa ya ganda hupita kama nyuzinyuzi za mchicha. Kutafuna sana husaidia.

Ila mwenye mzio wa kamba asijidanganye: kinachomdhuru zaidi ni protini ya nyama yenyewe, tropomiosini, na kumenya ganda hakuiondoi.