Je, wajua kwa nini ngozi ya sanamu ya udongo huchemka kwenye katuni?

Umewahi kutazama katuni ya udongo ukaona sanamu imesimama tu, haisemi wala haitembei, lakini ngozi yake inatetemeka kama uji unaotokota? Kwa miaka mingi niliamini ni kosa la mwanga. Nilipojaribu mwenyewe chumbani, Kibokoni hapa Mombasa, nilifunga madirisha, nikawasha taa moja, nikaifunga simu kwenye stuli kwa kamba. Ngozi ikaendelea kuchemka.

Kilichonifumbua macho ni kifuu cha nazi kilichokuwa kando ya sanamu, kwenye picha zilezile. Kilitulia tuli, kila unyuzi mahali pake. Kama kosa lingekuwa la mwanga, kifuu nacho kingetetemeka. Si kwamba mwanga hauna athari: wingu likipita dirishani, picha hung'aa na kufifia, ila hufifia yote pamoja na ukuta.

Katuni hizi hupigwa picha moja moja, kitu kikisogezwa kidogo kila mara. Sekunde 1 ya filamu ina picha 24, na mara nyingi kila mkao hupigwa picha 2. Basi mkono hurudi kwenye udongo hata mara 12 kwa sekunde hiyo moja.

Mkono huo ndio jibu. Chukua donge la unga wa mahamri, ulibonyeze kwa kidole, kisha ubonyeze tena palepale. Alama ya pili haikai sawasawa juu ya ya kwanza: mistari ya kidole imepinda, shimo limezama zaidi. Sasa zipange alama 12 za namna hiyo zipite ndani ya sekunde moja. Jicho halizihesabu; linaona uso mmoja unaocheza. Kifuu husogezwa bila kufinyangwa, kwa hiyo huhama na mikwaruzo yake yote.

Plastisini, udongo laini unaofinyangwa kwa sanamu hizi, aliyoibuni William Harbutt huko Bath, Uingereza, mwaka 1897, ina mafuta na haikauki, hivyo hupokea alama siku zote. Manyoya nayo ni hivyohivyo. Sanamu ya sokwe wa King Kong, filamu ya 1933, ilivikwa ngozi ya sungura, na manyoya yake hucheza kama yanapigwa na upepo. Ni vidole vya mafundi.

Safari ya pili nililainisha shavu la sanamu kwa mgongo wa kijiko kabla ya kila picha. Likatulia, lakini likawa kama sahani ya plastiki. Kufika picha ya 40 nikarudisha kidole gumba.