Si mabomu peke yake yaliyoua utoto wa Seita

Wengi waliotazama "Kaburi la Vimulimuli", filamu ya katuni ya Mjapani Isao Takahata ya mwaka 1988, husema ni hadithi ya watoto wawili wasio na hatia walioporwa utoto na mabomu ya Marekani. Machozi wanayomwaga ni ya haki. Ila maelezo hayo ni nusu tu.

Mtazame Seita, kijana wa miaka 14. Mama yake anakufa baada ya mji wa Kobe, Japani, kushambuliwa mwaka 1945, naye na mdogo wake Setsuko wanahamia kwa jamaa wanayemwita shangazi, mwenye ulimi mkali. Seita hatafuti kazi wala hajishushi. Anamchukua Setsuko, mtoto wa miaka 4, wakaishi kwenye handaki kando ya maji, ilhali pesa za mama zingali benki. Ni mwana wa afisa wa jeshi la majini, na kiburi alicholelewa nacho kina mkono katika njaa iliyowaua. Takahata mwenyewe alikataa filamu yake iitwe ya kupinga vita.

Chimbuko lake ni zito zaidi. Mwandishi Akiyuki Nosaka aliandika hadithi ambayo filamu imetokana nayo mwaka 1967, akimkumbuka mdogo wake wa kike aliyekufa kwa utapiamlo mwaka 1945. Alikiri kwamba hakuwa mwema kama Seita: chakula cha mtoto alikuwa akikila yeye. Seita, basi, ndiye kaka ambaye Nosaka alitamani angekuwa. Hapo ndipo hadithi hii hunikaba koo.