Sehemu ya kwanza ya Hum Log: yanayosemwa na yaliyo kweli

Ukiuliza tamthilia za Kihindi zilianzia wapi, wapenzi wengi watakutajia Kyunki Saas Bhi Kabhi Bahu Thi. Sishangai. Tangu tarehe 3 Julai 2000, Star Plus ilipomleta Tulsi, binti wa kuhani aliyeolewa na ukoo tajiri wa Virani, mama mkwe na mkamwana ndio waliotawala runinga za India. Ila wakati huo tamthilia ya Kihindi ilikuwa imetimiza miaka 16. Hum Log ilikwisha kutangulia: sehemu yake ya kwanza ilirushwa na Doordarshan, televisheni ya taifa, tarehe 7 Julai 1984. Na hiyo haikuwa na jumba la kifahari wala dhahabu shingoni. Ilikuwa na Basesar Ram, mlevi. Mkewe Bhagwanti, anayevumilia kila kitu. Babu na bibi. Na watoto watano: Lallu anayetafuta kazi, Nanhe, Badki, Majhli mwenye ndoto za sinema, na Chutki anayetaka kuwa daktari. Wote wamebanana nyumba moja.

“India ilisimama tangu usiku wa kwanza”

Hapa ndipo historia imepambwa kuliko mahali pengine popote. Tamthilia hii kweli ilikuja kupata watazamaji wanaokadiriwa milioni 50, na Doordarshan ikapokea barua zaidi ya 400,000. Lakini mwanzo wake ulikuwa baridi. Sehemu 13 za kwanza zilihubiri mno uzazi wa mpango, na watu hawakuwasha runinga ili wahubiriwe. Ndipo waandaaji wa kazi hiyo, akiwemo mwandishi Manohar Shyam Joshi, wakapunguza mawaidha na kuyapa nafasi maisha ya nyumbani: ndoa za mabinti, ulevi wa baba, ukosefu wa kazi, heshima ya mwanamke. Hapo watu wakanasa. Kwa maoni yangu, uamuzi huo ndio uliozaa tamthilia ya Kihindi tunayoijua, kuliko sehemu ya kwanza yenyewe.

Kilichosaidia kuwashika watu ni Ashok Kumar, mwigizaji mkongwe wa sinema tangu miaka ya 1930. Kila sehemu ilipoisha alitokea kwa muda usiofika dakika, akazungumza na watazamaji moja kwa moja kama babu na wajukuu zake, akagusia kilichotokea, akawauliza wao wangefanya nini. Sehemu kubwa ya barua alikuwa akiandikiwa yeye.

“Watazamaji walielewa kila kitu kama waandishi walivyokusudia”

La hasha. Bhagwanti aliandikwa awe onyo: mwanamke asiyejitetea, anayebeba mateso ya mumewe kimya kimya. Watazamaji wengi, wanawake kwa wanaume, wakamwona mke mwema wa kuigwa. Huwezi kumpangia mtazamaji ampende nani. Waandishi wa tamthilia wanaoamini kwamba mhusika mbaya atachukiwa kwa sababu tu wamemwandika mbaya, wamtazame Bhagwanti.

Na si kweli kwamba ilipendwa kwa kiwango kimoja nchi nzima. Ilikuwa kwa Kihindi, hivyo kusini mwa India, wanakozungumza Kitamil, Kimalayalam na lugha nyinginezo, watazamaji walikuwa wachache kuliko kaskazini.

Wengine hudhani serikali ndiyo iliyogharamia kila kitu. Tambi za Maggi zilidhamini, na biashara ya matangazo kwenye tamthilia za India ikapata mlango.

“Ni zao la sinema za Bombay”

Mbegu ilitoka Mexico. Waziri wa habari wa India, Vasant Sathe, alizuru huko mwaka 1982 na kuona kazi ya Miguel Sabido, aliyetunga tamthilia za kuburudisha huku zikifundisha, kwa kuweka mhusika mwema, mhusika mbaya, na yule wa katikati anayesitasita mpaka aamue. Mbinu hiyohiyo ilifika kwetu. Kenya ilipata Tushauriane kwenye televisheni mwaka 1987. Tanzania ilipata Twende na Wakati ya Radio Tanzania kuanzia 1993, na dereva wa lori Mkwaju pamoja na mkewe Tunu wakawa gumzo. Kwa hiyo aliyelelewa na redio ile na aliyelelewa na Hum Log wamenywea kisima kimoja.

Nawasihi wanaoziita tamthilia hizi porojo za kupotezea muda waangalie kilichofanyika Dodoma. Kati ya 1993 na 1995 kituo cha huko hakikurusha Twende na Wakati, makusudi, ili watafiti walinganishe. Matumizi ya uzazi wa mpango yaliongezeka zaidi katika maeneo yaliyokuwa yakisikiliza. Baadaye na Dodoma ikafunguliwa matangazo hayo.