Je, jaji anaweza kumwidhinishia mwalimu ajira ambayo ofisa ameikalia?

India ina shule nyingi za binafsi zinazopata ruzuku ya serikali. Uongozi wa shule ndio unaomchagua mwalimu, lakini mshahara unatoka serikalini, na hautoki mpaka ofisa elimu aidhinishe uteuzi. Basi mwalimu anaingia darasani, anafundisha, anasahihisha madaftari, na faili lake limelala mezani kwa mtu mwingine. Akienda kuuliza, anaambiwa arudi wiki ijayo. Wapo waliopigwa kalenda namna hiyo kwa miaka.

Akikimbilia mahakamani, jaji atampa hicho kibali? Kwa kawaida hapana. Atamwamuru ofisa aamue, basi.

Amri hiyo huitwa mandamus, neno la Kilatini lenye maana ya "tunaamuru". Ilianzia katika mahakama za Uingereza, na Katiba ya India, iliyoanza kutumika mwaka 1950, inazipa Mahakama Kuu za majimbo mamlaka ya kuitoa kupitia ibara ya 226.

Kwa nini jaji asimalize kazi mwenyewe? Kwa sababu kuna mambo ya kukaguliwa kwanza: nafasi ipo kweli? Wanafunzi wanatosha kuhalalisha mwalimu mwingine? Vyeti ni sahihi? Kazi hiyo sheria imempa ofisa, na jaji mbele yake ana viapo na barua tu. Ndiyo maana amri nyingi ni fupi mno: ombi la tarehe fulani liamuliwe ndani ya wiki kadhaa, mwombaji asikilizwe, na uamuzi utaje sababu. Kwangu mimi, hilo la sababu ndilo zito kuliko yote. Ofisa anaweza kutii amri kwa kukataa, lakini akikataa kwa maandishi yenye sababu, mwalimu amepata kitu cha kushambulia. Anarudi mahakamani kuomba uamuzi huo utenguliwe. Ukimya hauna pa kushikwa.

Kuna nyakati jaji huenda mbali zaidi. Mwaka 1986, katika kesi iliyomhusu Mkaguzi Mkuu wa Hesabu, Mahakama ya Juu ya India ilisema kwamba pale haki inapodai, mahakama inaweza yenyewe kutoa amri ambayo serikali ilipaswa kuitoa. Lakini hiyo si njia ya kila siku.

Mwalimu anayefikiria kushtaki aanze na mihuri. Kila barua ya kudai iwe na nakala iliyogongwa muhuri wa mapokezi na tarehe. Bila nakala hizo, wakili wa serikali atasimama na kusema ofisi haikuwahi kuombwa chochote, na kesi itayumba hapo hapo.

Jambo jingine ni kugonga mlango ulio sahihi. Marekani, mwaka 1803, William Marbury alikuwa na hati ya uteuzi wake wa uhakimu, imesainiwa na kupigwa lakiri, ila hakukabidhiwa. Mahakama ya Juu ilikiri kwamba ni haki yake, kisha ikamwambia haina mamlaka ya kuianza kesi hiyo. Kichekesho ni kwamba aliyeshindwa kuifikisha hati hiyo akiwa waziri, John Marshall, ndiye jaji mkuu aliyeandika hukumu.

Na ofisa akipuuza amri? Hapo ni kudharau mahakama. Sheria ya India ya mwaka 1971 inaruhusu kifungo cha hadi miezi 6 au faini ya hadi rupia 2,000, au vyote viwili. Faini ni ndogo, lakini kuitwa kizimbani mwenyewe kujieleza ni jambo ambalo ofisa hulikwepa kwa nguvu zote, na faili huanza kutembea.

Likishatembea, mwalimu asome tarehe kabla ya kushangilia. Kibali kinachoanzia siku kiliposainiwa, badala ya siku alipoingia darasani, kinaweza kumnyima malimbikizo ya mshahara ya miaka yote aliyosubiri, na hiyo nayo ni kesi.