Kujiwakilisha ni nini? Sio selfi tu

Watu wakisikia msanii flani anajiwakilisha kwenye kazi zake wanadhani anajipiga selfi anatundika ukutani, basi kaishia hapo. Hapana. Swali ni nani kaamua uonekane vipi. Ile picha ya kitambulisho umekalishwa mbele ya ukuta mweupe, vua kofia, usicheke, angalia mbele, sura ni yako kweli lakini hapo hujajiwakilisha, umewakilishwa, tena na mtu mwenye haraka zake. Siku ukishika kamera mwenyewe ukachagua uvae nini na mwanga utokee wapi, hapo ndo tunaanza kuongea.

Mfano ninaoupenda ni Zanele Muholi wa Afrika Kusini, kazaliwa 1972 Umlazi huko Durban, enzi zile za ubaguzi wa rangi, mtu mweusi lazima atembee na pasi, yaani kitambulisho cha serikali chenye picha yake, la sivyo anawekwa ndani. Anapiga picha, anatengeneza video, siku hizi mpaka sanamu za shaba, ndo maana anaitwa msanii wa maltimidia ingawa mwenyewe anajiita mwanaharakati wa picha. (Kwa Kiingereza kuna shughuli ya kumwita "he" au "she", hataki vyote viwili, sisi tunasema tu "anapiga picha" yameisha.) Tangu 2006 anapiga picha za wanawake weusi wanaopenda wanawake wenzao na watu waliobadili jinsia, na anawaita washiriki, maana wanaamua naye.

Baadaye kamera akaigeuzia kwake, akazipa zile picha jina la Kizulu, Somnyama Ngonyama, yaani kama kumsalimia simba jike mweusi. Kuna moja ya 2015 inaitwa Bester I. Kichwani kajaza vibanio vya nguo, hivi hivi vya kuanikia kambani, vimesimama kama taji, na masikioni kavibana vingine kama hereni. Ukipita haraka unaona malkia, ukisogea ndo unashtuka kumbe vibanio! Bester ni jina la mama yake, alifanya kazi za ndani kwa wazungu zaidi ya miaka 40. Kwahiyo yumo yeye na yumo mama yake, na vyombo vya kazi ya mama vimekuwa mapambo. Nyingine kavaa stilwaya za kusugulia masufuria.

Halafu wakati wa kuhariri anapandisha kontrasti (tofauti ya weusi na weupe kwenye picha) makusudi ngozi iwe nyeusi tii kuliko ilivyo.

Sasa selfi nayo inaweza kuwa kujiwakilisha? Inaweza sana tu, ila simu nyingi zinakung'arisha hata hujaomba, kwahiyo ukiiposti hiyo picha, weupe ule kauchagua nani, wewe au aliyetengeneza filta?