Wagombea wa New Zealand mwaka 1853 hawakuwa "binafsi"

Kila inapozuka habari ya chaguzi za mwanzo katika makoloni ya Waingereza, hakosi mtu wa kusema kwamba wabunge wa kwanza wa New Zealand "wote walikuwa wagombea binafsi", na nimelisikia hilo mara nyingi kupita kiasi cha kulinyamazia. Uchaguzi usio na vyama ni ule ambao mpiga kura humchagua mtu kwa jina na msimamo wake, kwa kuwa hakuna chombo cha kudumu kinachoteua wagombea na kuwabana wakishaingia bungeni. Maana yake ni hiyo tu. Kinachonikera ni neno binafsi.

Neno hili lina asili ya Kiarabu: bi ni "kwa", na nafsi ndiyo nafsi hii tunayoijua. Katika Kiswahili, hata hivyo, binafsi daima ina mwenzake inayojitenga naye, ndiyo maana shule huitwa ya binafsi kwa sababu iko ya serikali. Mgombea binafsi naye, hasa Tanzania tangu vyama vingi viliporejeshwa mwaka 1992, ni yule anayetaka kugombea bila kudhaminiwa na chama ilhali vyama vipo na sheria inadai udhamini huo.

Sasa mtazame Hugh Carleton, mmoja wa wagombea wa New Zealand mwaka 1853. Uchaguzi ule ulianza tarehe 14 Julai 1853 na kuendelea hadi 1 Oktoba, ukiwania viti 37, naye alipita bila kupingwa siku ile ya kwanza katika jimbo la uchaguzi la Bay of Islands. Alijitenga na chama gani? Penye ushindani, jina la mgombea lilitajwa hadharani, watu wakanyoosha mikono, na asiyeridhika akadai kura zipigwe. Kura ya siri ilikuja kwa sheria ya mwaka 1870. Aliyepiga kura alikuwa mwanamume mwenye mali, na mwenye mali katika majimbo mawili ya uchaguzi alipiga mara mbili, ilhali Wamaori wengi walikosa sifa kwa kuwa ardhi yao ilikuwa ya jumuiya, si ya mtu mmoja mmoja.

Atatokea wa kuuliza: je, wale waliotaka serikali kuu yenye nguvu na wale waliotetea mamlaka ya serikali za mikoa, hawakuwa vyama? Yalikuwa makundi, na kundi hukutana leo kesho likasambaa. Henry Sewell aliunda serikali tarehe 7 Mei 1856, ikaanguka tarehe 20. William Fox akashika nafasi yake, naye akaondoka tarehe 2 Juni, akaingia Edward Stafford. Mawaziri wakuu watatu ndani ya mwezi mmoja, kwa sababu hapakuwa na wa kuwakusanya wabunge siku ya kupiga kura bungeni. Chama halisi, cha Waliberali, kilizuka mwanzoni mwa miaka ya 1890.

(Uganda ya mwaka 1996 nayo ni jambo jingine: huko vyama vilikuwepo, ila vilizuiwa kusimamisha wagombea.)

Basi tukimsimulia Carleton, tumwite mgombea, inatosha; hilo binafsi tumwachie anayekikataa chama kilichopo.