Kwa nini maandamano ya Nairobi huishia madukani

Mwisho wa Juni 2025, muuza simu mmoja wa Usita wa Mui, barabara kuu ya mji wetu wa Lamu, alinishika mkono nikipita kuelekea Mkunguni. Mzigo wake ulikuwa umekwama Nairobi. Mwenzake wa Luthuli Avenue, anayemtumia simu na chaja kwa basi mpaka Mokowe, gati la bara la kuvukia kuja kwetu, alikuwa amevunjiwa duka kwenye maandamano ya tarehe 25. "Mwalimu," akaniambia, "wewe umesoma historia ya miji. Mtu ana ugomvi na serikali, duka la watu limemkosea nini? Na mbona ni palepale kila mara?"

Nilimjibu pale pale barazani, lakini swali halikunitoka. Bidhaa nyingi tunazouziwa Amu, yaani Lamu, hupitia mitaa ile, na nimechoka kusikia watu wakisema "wabara ndivyo walivyo" kisha wakanyamaza. Hilo si jibu.

Ninayoizungumzia ni Nairobi ya mashariki ya Moi Avenue: Tom Mboya, Luthuli, River Road, Nyamakima kwenye maduka ya jumla, mpaka Kamukunji kwa mafundi wa masufuria na masanduku ya bati, na Gikomba kwenye mitumba. Mji huo ulianza 1899 kama kituo cha reli. Wafanyabiashara wa Kihindi wakajenga bazaa ya mabati na mbao, na mwaka 1902 ilipoingia tauni, bazaa ile ikatiwa moto kwa amri ya wakubwa wenyewe. Ndiyo, madukani pa Nairobi moto wa kwanza mkubwa ulitoka serikalini. Bazaa ilipojengwa tena ndipo tukapata Bazaar Street, ambayo leo ni Biashara Street.

Sasa itazame ramani, kwa maana jibu limo humo. Wakoloni waliugawa mji kwa rangi. Wazungu walichukua vilima vya magharibi. Waafrika walisukumwa mashariki, Pumwani na kwingineko, ng'ambo ya mto. Wahindi na maduka yao wakawekwa kati. Kwa hiyo Mwafrika aliyekuwa na neno na serikali alilazimika kuyapita maduka ndipo afike kwa mkubwa. Uhuru ulibadilisha majina ya barabara, Government Road ikawa Moi Avenue na Victoria Street ikawa Tom Mboya, lakini haukuihamisha Ikulu wala Bunge. Viko magharibi bado. Na vituo vya matatu zinazoleta watu kutoka mitaa ya mashariki viko upande wa maduka.

Kwa hiyo nilimwambia muuza simu hivi: waandamanaji hawaendi River Road. Wanapita. Pale ndipo wanapozuiwa. Polisi wakifunga njia za kupanda magharibi, umati hurudi nyuma na moshi wa machozi nyuma yake, na nyuma hakuna uwanja wala bustani, kuna milango ya maduka. Wezi, ambao hawakosi penye umati, hupata nafasi yao hapo.

Angalia 1922. Tarehe 14 Machi alikamatwa Harry Thuku, kijana aliyekuwa akipinga kipande, kitambulisho ambacho Waafrika walilazimishwa kubeba, na kodi na mishahara kukatwa. Siku mbili baadaye maelfu wakakusanyika mbele ya kituo cha polisi alimofungwa. Wazee wao walipotaka kuwatawanya, mwanamke aitwaye Mary Muthoni Nyanjiru alipandisha nguo yake mbele ya wanaume, akawaambia wampe suruali zao kama wanaogopa. Polisi wakapiga risasi. Nyanjiru akafa, na wengine wasiopungua ishirini, na wapo Wazungu waliofyatua risasi kutoka baraza ya hoteli ya Norfolk iliyokuwa karibu. Nimelifundisha jambo hili miaka mingi na bado sauti yangu hubadilika nikifika kwa mama yule.

Wapo wanaodhani kisa hicho hakituhusu. Thuku alipelekwa Kismayu bila kushtakiwa. Eneo lile lilipokabidhiwa Italia mwaka 1925 akahamishiwa huku kwetu, Lamu, kisha Witu, na mwishoye Marsabit, akakaa kizuizini karibu miaka tisa. Miaka ya hali ya hatari, iliyotangazwa Oktoba 1952, kisiwa cha Manda, mkabala nasi, nacho kikageuzwa kambi ya kuwazuilia watu wa bara. Ngome yetu ilikuwa jela tangu 1910 hadi 1984. Ng'ambo hii ya maji tunayoiona kila asubuhi ndiko walikotupwa baadhi ya waliokamatwa bara. Ugomvi ule ulianzia kwao ukalazwa kwetu, na watoto wetu wanapita chini ya Ngome kwenda madrasa bila kuambiwa.

Barabara ile ile ya Government Road, tarehe 5 Julai 1969, waziri Tom Mboya alipigwa risasi mlangoni mwa duka la dawa. Ilikuwa Jumamosi, mji umejaa. Hapakuwa na maandamano siku hiyo. Ghasia zilikuja baadaye, kwenye misa yake.

Mwaka 1982 ni habari nyingine, na nisingependa ichanganywe na hizi. Tarehe 1 Agosti wanajeshi wa anga walijaribu kupindua serikali. Saa chache bila mwenye amri zilitosha maduka ya katikati ya mji kusombwa, na Wahindi wakaumizwa hata majumbani mwao. Pale hakuna aliyekuwa akipita kwenda popote. Ulikuwa uporaji, na chuki ya rangi iliyopandwa na ramani ile ile.

Saba Saba, yaani tarehe 7 Julai, ya 1990 inarudi kwenye kanuni yangu. Kenneth Matiba na Charles Rubia waliitisha mkutano Kamukunji, wakatiwa ndani siku tatu kabla. Watu wakaenda hata hivyo. Uwanja ule uko ubavuni mwa soko, basi virungu vya polisi vilipoanza, soko likaubeba mzigo. Desemba 1991 kifungu cha Katiba kilichoruhusu chama kimoja tu kikaondolewa.

Tarehe 25 Juni 2024 vijana walifanikiwa kupenya wakaingia Bungeni kwa ajili ya Mswada wa Fedha, na kesho yake Rais akasema hatautia sahihi. Mwaka mmoja baadaye, kwenye kumbukumbu ya waliouawa, njia za kuelekea Bungeni zilizungushiwa seng'enge. Umati ukabaki upande wa mashariki, na jioni maduka yakavunjwa. Wiki moja kabla ya hapo, mchuuzi wa barakoa alikuwa amepigwa risasi kichwani na polisi katikati ya mji, akafa karibu wiki mbili baadaye. Hakuwa ameandamana. Alikuwa kazini.

Muuza simu alinisikiliza mpaka mwisho, kisha akatoa daftari lake. Alikuwa amemtangulizia mwenzake wa Luthuli malipo ya mzigo mzima. "Nilikuwa nimdai leo," akasema. Akapiga simu mbele yangu, akamuuliza kwanza kama watoto ni wazima, na kuhusu pesa akamwambia tutazungumza akishatia mlango mpya.